Tunda lililoiva mno na tunda lenye ukungu: lipi la kuokoa, lipi la kutupa?



Huenda unasoma ukurasa huu ukiwa umeketi kwenye benchi, unangoja kuitwa ndani. Huenda ulipewa kijitabu hiki baada ya ibada ukakipeleka nyumbani. Popote ulipo, fikiri kidogo juu ya beseni la matunda lililoko nyumbani kwako. Je, matunda yote ni mazima? Kama sivyo, utafanya nini na yale mabaya?

Swali hilo laonekana dogo. Lakini katika kazi ya uuguzi nimeona ya kuwa watu hufanya makosa mawili juu yake. Kosa la kwanza ni kutupa chakula kizuri kwa sababu kimelegea tu. Kosa la pili ni kula chakula kibaya kwa sababu tunaona uchungu kukitupa. Kosa la kwanza lapunguza mali ya nyumba. Kosa la pili laweza kupunguza watu wa nyumba.

Tutaanza na frezi, maana tunda hili huharibika upesi kuliko matunda karibu yote ya soko letu la Goma. Ukijifunza kuipima frezi vizuri, jicho lako litajua pia kupima ndizi, mkate, karanga na mahindi. Na kwenye karanga na mahindi ndiko iliko hatari kubwa. Kwa hiyo usome mpaka mwisho.

1. FREZI NI TUNDA LA NAMNA GANI?

Frezi ni lile tunda dogo jekundu lenye mbegu nyingi juu ya ngozi yake. Ndugu zetu wa Kenya na Tanzania huliita stroberi. Frezi kubwa tunayoijua leo ilipatikana Ulaya katika karne ya 18, baada ya frezi ya Amerika ya Kaskazini na ile ya Chile kuchanganyika. Miche ya Chile ililetwa Ufaransa mwaka 1714 na afisa mmoja jina lake Amédée-François Frézier.

Tunda hili hupenda baridi ya milima, na kwa hiyo linastawi kwetu Kivu. Lakini lina udhaifu tatu.

Kwanza, ngozi yake ni nyembamba sana. Ukiibonyeza kwa kidole inaumia, na mahali palipoumia ni mlango wazi.

Pili, karibu sehemu tisa kwa kumi za tunda ni maji. Chakula chenye maji mengi huoza upesi.

Tatu, frezi huzaa chini kabisa, karibu na udongo. Huko ndiko ziliko mbegu za ukungu, na pengine uchafu wa wanyama na watu.

Sasa fikiri safari yake. Imechumwa kilimani, imejazwa ndani ya ndoo, imepakiwa juu ya pikipiki au gari, imetikiswa njiani juu ya mawe. Kama barabara ni mbaya, mzigo umelala njiani. Ikifika mjini, zile za chini zimekwisha kubanwa na kutoa maji. Basi usishangae ukinunua jioni frezi nzuri, na asubuhi ukikuta nyingine zimeota nywele.

2. KUIVA MNO SI SAWA NA KUOTA UKUNGU

Hili ndilo somo lenyewe. Likumbuke hata ukisahau mengine yote.

Frezi iliyoiva mno ina rangi nyekundu ya giza. Ni laini, inatoa maji, na harufu yake ni tamu sana. Haina nywele wala unga juu yake. Tunda hilo halijaharibika. Limefika mwisho wa siku zake nzuri, na linakuomba haraka. Ukilipika leo, umeliokoa. Ukilingoja mpaka kesho, huenda umelipoteza.

Frezi yenye ukungu ni jambo jingine. Hapa sisemi ule ukungu wa asubuhi unaofunika ziwa na kuficha Nyiragongo. Nasema ukungu wa chakula, ambao wengine huuita kuvu. Juu ya frezi mara nyingi ni wa kijivu, kama manyoya ya panya. Pengine ni mweupe kama pamba, au una vichwa vidogo vyeusi kama ncha za pini.

Ukungu ni kitu chenye uhai. Mbegu zake ni ndogo mno, hazionekani kwa macho, nazo huruka hewani kila mahali. Mbegu ikitua juu ya tunda lenye jeraha, huota. Hutoa nyuzi nyembamba zinazoingia ndani kama mizizi ya mti inavyoingia ardhini. Zile nywele unazoziona juu ni sehemu tu ya ukungu huo. Sehemu nyingine imekwisha kuingia ndani ya tunda, nawe huioni.

Sasa wajua kwa nini haifai kufuta ukungu kwa kitambaa au kuuosha kwa maji. Ni kama mtu anayekata majani ya magugu akiacha mizizi. Shamba laonekana safi, lakini magugu yako palepale.

Kuna pia frezi ya namna ya tatu. Haina nywele, lakini inanuka kama pombe au siki, ina povu, au inateleza kama makamasi. Hiyo imekwisha kuchacha na kuoza. Usiipike. Itupe pamoja na zile za ukungu.

3. NAMNA YA KUCHAMBUA BESENI LA FREZI

Fanya kazi hii mara tu ufikapo kutoka sokoni. Usingoje.

Nawa mikono kwa sabuni. Tandaza frezi juu ya sinia safi au kitambaa safi, zisilaliane. Kisha zigawe mafungu matatu.

Fungu la kwanza ni frezi nzima, ngumu kidogo, zenye kung'aa. Hizo ni za kula mbichi au kuuza.

Fungu la pili ni zilizoiva mno au zilizobonyea, ambazo hazina ukungu wala harufu mbaya. Hizo ni za kupika leo hii.

Fungu la tatu ni zenye ukungu, hata kama ni doa dogo kama kichwa cha kiberiti, pamoja na zile zilizochacha. Hizo ni za kutupa nzima. Usikate upande mmoja ukala mwingine.

Zitazame sana zile zilizogusana na frezi ya ukungu. Kama moja yao imelowa au imeanza kulegea mahali ilipogusana na mwenzake, itie katika fungu la tatu. Kama ni kavu na nzima, ioshe, uitumie siku hiyohiyo. Na ukikuta beseni zima limeingiliwa, usichague tena. Tupa lote.

Usipeleke pua karibu na ukungu ili unuse. Mbegu zake huingia kifuani, na mwenye pumu aweza kubanwa vibaya.

4. KUOSHA NA KUTUNZA

Usioshe frezi kabla ya kuziweka. Maji yakibaki juu yake, unaupa ukungu kinywaji. Ziache na vikonyo vyake, uziweke tabaka moja au mawili tu katika chombo kipana, kivulini, penye hewa, zimefunikwa kwa kitambaa safi kuzuia nzi. Hivyo zaweza kukaa siku moja, pengine mbili. Kama una frigo, zitakaa siku chache zaidi. Lakini usiitegemee frigo kupita kiasi. Ule ukungu wa kijivu huendelea kukua hata katika baridi, ila polepole. Na umeme ukikatika usiku kucha, frigo ni sanduku tu.

Zioshe pale unapotaka kuzila. Na hapa nasema kwa nguvu: zioshe kwa maji salama. Watu wengi wa mji wetu huchota maji ziwani kwa bidoni. Maji ya ziwa yasiyotiwa dawa huweza kuleta kipindupindu, na Goma twaujua ugonjwa huo. Wazee wetu hawajasahau mwezi wa 7 wa mwaka 1994, ulipoua maelfu kwa maelfu ya wakimbizi hapa kwa majuma machache tu. Frezi huliwa mbichi, bila kupita motoni. Kwa hiyo tumia maji yaliyochemshwa kabisa, au yaliyotiwa klorini kwa kipimo. Osha kwanza, ndipo uondoe vikonyo, ili maji yasiingie ndani ya tunda.

5. NAMNA YA KUOKOA FREZI ZILIZOIVA MNO

Fungu la pili lafaa kazi nyingi.

Kama huna sukari, zipike pamoja na ndizi mbivu zilizokatwa na maji kidogo sana. Zikichemka na kulainika, ni chakula kizuri cha kula siku hiyo. Waweza pia kuzikoroga ndani ya uji ukiwa bado motoni. Mtoto aliyepita miezi sita aweza kupewa uji huo bila sukari. Aliye chini ya miezi sita hapewi uji, maji ya matunda wala jamu. Chakula chake ni maziwa ya mama peke yake.

Kama una sukari, pika jamu, au konfitiri kama tusemavyo hapa. Fanya hivi:

Pima frezi safi kilo 1, zisizo na ukungu hata moja. Pima sukari kilo 1. Kamua limau moja kubwa. Usiache limau, maana frezi iliyoiva mno imepungukiwa na uchachu na ule ute unaoifanya jamu ishikane.

Ponda frezi ndani ya sufuria pana. Tia maji ya limau, uweke juu ya makala, uchemshe polepole mpaka zilainike. Tia sukari, koroga mpaka iyeyuke yote. Kisha ongeza moto, ichemke kwa nguvu, nawe ukoroge kwa mwiko mrefu isiungue chini. Mtoto asikaribie, maana jamu inayochemka huunguza vibaya kuliko maji.

Utajuaje kuwa imeiva? Chukua sahani ya baridi, tia tone moja, ungoje kidogo. Lisukume kwa kidole. Likikunjamana juu kama ngozi ya maziwa, jamu iko tayari. Likitiririka kama maji, rudisha motoni. Mara nyingi kazi hii huchukua dakika 20 hadi 40.

Chupa za kioo na mifuniko yake zichemshwe kwanza. Ujue neno hili: mji wetu uko karibu mita 1,500 juu ya bahari, na kwa sababu hiyo maji huchemka hapa kwenye digrii kama 95, si 100 kama huko pwani. Kwa hiyo usichemshe chupa dakika 10 tu kama vitabu vingi vinavyosema. Ziongezee dakika 5. Tia jamu ingali moto sana, funga sawasawa.

Tumia chupa ndogo. Chupa kubwa hufunguliwa mara nyingi, na kila inapofunguliwa mbegu za ukungu huingia. Ukiisha kuifungua, tumia kijiko kikavu na safi, uimalize katika juma moja. Na mwenye ugonjwa wa sukari asidanganyike kwa sababu ni tunda. Zaidi ya nusu ya jamu hiyo ni sukari.

Je, ukungu ukiota juu ya jamu? Tupa chupa yote. Nisijifanye mwenye hekima: nilipokuwa kijana katika kazi hii, nilikuta ukungu juu ya jamu, nikaukwangua kwa kijiko, nikawapa wageni iliyobaki. Hakuna aliyeumwa, nami nikasema moyoni, "Kumbe haina neno." Nilikosa. Kutoumwa siku ile hakukuonyesha kuwa jamu ilikuwa njema. Ilionyesha tu kwamba tuliponea.

6. MANENO YA WATU, NA MAJIBU YAKE

"Moto huua kila kitu. Nitapika ukungu wenyewe."

Moto huua vijidudu vingi, tena huua ukungu wenyewe. Lakini aina nyingine za ukungu hutoa sumu, na sumu si kitu chenye uhai, haiuawi. Nyoka akifa, sumu yake bado iko menoni. Tena, ladha mbaya ya tunda lililooza haiondoki kwa kupikwa. Frezi moja mbaya huharibu sufuria nzima, pamoja na sukari uliyoinunua kwa fedha nyingi.

"Ukungu ndio dawa. Sindano ya penisilini yatoka katika ukungu."

Ni kweli ya kuwa penisilini ilitoka katika ukungu. Mwaka 1928, huko London, daktari Alexander Fleming aliona ukungu ulioingia katika kisahani chake ukazuia vijidudu kukua. Lakini ilichukua miaka mingi na kazi ya wataalamu wengi kuitenga dawa hiyo, kuisafisha na kuipima. Na ulikuwa ukungu wa aina moja iliyochaguliwa. Ukungu wa beseni lako haukuchaguliwa na mtu, wala haukupimwa. Usiule kama dawa, wala usiupake juu ya kidonda.

"Nimekwisha kula frezi moja yenye ukungu bila kujua. Je, nitakufa?"

Hapana, usiogope. Mtu mzima mwenye afya akila kipande kidogo kwa bahati mbaya, kwa kawaida hapati shida, au huumwa na tumbo kidogo tu. Usijitapishe. Usinywe dawa kali za miti. Kunywa maji safi, ujiangalie. Lakini njoo upesi hospitalini ukiona moja ya haya: midomo au uso kuvimba, kifua kubana, kutapika kusikokoma, kuhara damu, au kuhara maji meupe kama ya mchele. Mwenye kuhara apewe maji ya chumvi na sukari akiwa njiani: maji salama lita 1, vijiko vidogo 6 vya sukari, na nusu ya kijiko kidogo cha chumvi. Vijiko viwe vya kusawazishwa juu.

"Ni dhambi kutupa chakula."

Neno hili ndilo gumu kuliko yote, maana linatoka katika moyo mwema. Baada ya kuwalisha watu elfu tano, Bwana Yesu aliagiza mabaki yaokotwe, wala hakutaka yapotee. Lakini yaliyookotwa yalikuwa chakula. Na Waisraeli waliolaza mana kinyume cha agizo, waliikuta asubuhi imeharibika. Chakula kinacholeta ugonjwa kimekwisha kupoteza jina la chakula. Ukitaka kutopoteza, usikae kusubiri mpaka ukungu uote. Okoa tunda lingali laini tu.

7. NA VYAKULA VINGINE?

Vitu laini vyenye ukungu tupa vyote: frezi, nyanya, maracuja, papai, ndizi iliyopasuka, mkate, jamu, mboga zilizopikwa. Katika vitu laini nyuzi hupita upesi. Mkate wenye doa moja la kijani umekwisha kupitiwa mbali.

Vitu vigumu vyaweza kuokolewa. Karoti, kabichi, au jibini ngumu kama ile ya Masisi, ikiwa na doa dogo, kata na uondoe sentimita 2 na nusu kuzunguka doa na chini yake. Kisu kisiguse ule ukungu. Jibini laini na maziwa ya mgando, hapana. Hivyo ni vya kutupa.

Na sasa nimefika kwenye mahindi na karanga. Hivi navyo ni vigumu, lakini havifuati sheria ya karoti. Hapa ukungu ni muuaji.

Mwaka 1960, huko Uingereza, zaidi ya batamzinga 100,000 walikufa, na watu hawakujua sababu. Baadaye ilionekana kuwa walilishwa unga wa karanga uliokuwa na ukungu. Sumu ya ukungu huo ikapewa jina la aflatoksini. Sumu hiyo huharibu ini. Haionekani, haina harufu, wala haiishi kwa kupika ugali au kukaanga karanga.

Usidhani ni habari ya batamzinga tu. Mwaka 2004, mashariki ya Kenya, hasa Makueni na Kitui, watu 317 waliugua kwa kula mahindi yenye sumu hiyo, na 125 kati yao wakafa. Mwaka 2016 watu walikufa pia Tanzania, katika mikoa ya Dodoma na Manyara. Hao walikuwa wakulima kama sisi. Mahindi yalikuwa chakula chao cha kila siku.

Anayekula sumu hiyo kidogo kidogo kwa miaka mingi hafi siku moja. Lakini hujiweka katika hatari ya saratani ya ini, na hatari hiyo huzidi sana kama ana ugonjwa wa ini wa aina ya B. Hii ni sababu moja ya kumpeleka mtoto kwenye chanjo bila kukosa, maana katika chanjo za watoto wachanga imo ya kuzuia ugonjwa huo.

Basi, mahindi au karanga zenye unga wa kijani, wa manjano au mweusi, zilizokunjamana, au zenye ladha chungu, usile. Usizisage ili kuficha rangi. Usizipikie pombe. Usimpe kuku wala ng'ombe, maana sumu huingia katika maziwa ya ng'ombe, na maziwa hayo atakunywa mtoto wako. Na kwa kuwa sumu yaweza kuwamo hata pale ukungu usipoonekana, kinga kubwa ni kukausha. Anika juu ya turubai au mkeka, si juu ya udongo. Weka magunia juu ya mbao, mbali na ukuta na unyevu.

Waweza kupima ukavu hivi: tia mahindi kidogo na chumvi kavu ndani ya chupa kavu, funga, utikise, ungoje robo saa. Chumvi ikishika ukuta wa chupa, mahindi bado yana maji. Rudisha juani.

Mtu aliyekula mahindi ya namna hiyo akiwa na macho ya manjano, tumbo kuuma au kuvimba, au kutoka damu bila sababu, asingoje mpaka kesho. Aletwe hospitalini leo, pamoja na mahindi kidogo ya kuonyesha.

8. KWA WEWE UUZAYE MATUNDA

Mama, najua shida yako. Ulichukua frezi kwa mkopo alfajiri. Jua limewaka, wanunuzi ni wachache, na jioni nusu ya beseni imelegea. Nyumbani watoto wanangoja. Wazo linakuja: "Nitaweka nzuri juu na mbaya chini. Mnunuzi hataona mpaka afike kwake."

Tafadhali usifanye hivyo. Frezi ya ukungu uliyoificha chini itaharibu nzuri zilizo juu kabla ya asubuhi. Mnunuzi atapata hasara, naye hatarudi kwako. Na kama ana mtoto mgonjwa nyumbani, umemtendea vibaya mtu asiyekukosea.

Kuna njia nyingine. Saa nane mchana, usingoje jioni, chambua beseni lako. Zilizoiva mno ziweke peke yake katika chombo kingine, useme wazi: "Hizi ni za kupika leo, bei ni nusu." Wako watakaofurahi kuzipata kwa jamu au kwa uji. Zisizonunuliwa, pika mwenyewe usiku huo. Mama watatu au wanne wakishirikiana makala na sukari, hasara ya siku yaweza kugeuka kuwa chupa chache za jamu za kuuza juma lijalo. Lakini zile za fungu la tatu usimpe mtu, hata bure, hata maskini. Usimpe mwingine tunda usiloweza kutia katika kinywa cha mwanao.

9. FUNGU LA TATU LIENDE WAPI?

Usilitupe njiani, watoto wakaliokota na nzi wakajaa. Hapa Goma kuchimba shimo ni kazi, maana tumejenga juu ya mawe ya volkano. Lakini waweza kuchukua gunia kuukuu, ukaliweka pembeni mwa lupango, mbali na jiko. Tia matunda yaliyooza, funika kwa udongo kidogo na majani makavu, kila siku tabaka juu ya tabaka. Baada ya miezi kadhaa utapata mbolea nyeusi ya kupandia sombe, vitunguu, au frezi zenyewe.

Na kama unapanda frezi, tandaza majani makavu chini ya matunda yasiguse udongo. Mwagilia asubuhi, kwenye mizizi, ili majani yakauke kabla ya usiku. Ondoa kila tunda lililooza shambani. Ukiliacha, litapanda ukungu juu ya mengine yote.

MASWALI YA KUJIKUMBUSHA

Msomee jirani yako asiyejua kusoma, kisha mjibu pamoja.

1. Frezi laini isiyo na nywele, yenye harufu tamu: yafaa nini, na lini?

2. Kwa nini haitoshi kufuta ukungu juu ya tunda?

3. Kwa nini limau halikosi katika jamu ya frezi zilizoiva mno?

4. Karoti yenye doa la ukungu na mahindi yenye ukungu: kwa nini hatuvitendei sawa?

5. Mtu aliyekula mahindi mabaya akiwa na macho ya manjano, utafanya nini?

Ukiweza kujibu yote matano, wewe sasa ni mwalimu. Nenda jikoni, tazama beseni lako, uanze leo.